Soseji za Watu 25 kwa Chungu cha Umeme: Mwongozo Kamili

Mbona soseji za watu wengi huharibika nikizipika kwa chungu cha umeme? Swali hili limenifikia mara nyingi mno, nami nimeona heri nilijibu mara moja kwa urefu. Soseji zimepasuka. Soseji zimekuwa nyeupe na laini kama uji. Mchuzi umekuwa maji matupu, na juu yake yanaelea mafuta. Au mabaya zaidi: za juu zina moto, za katikati zina ubichi, na wageni wameshanawa mikono.

Nikiuliza imekuwaje, jibu ni lile lile. Mtu alifungua pakiti, akazimimina soseji mbichi chunguni, nyingine zikiwa na barafu bado, akatia maji na nyanya, akafunika, akaenda zake.

Chungu ninachokisema ni kile cha umeme cha kupikia polepole, chenye bakuli zito la udongo uliochomwa ndani ya ganda linalopata moto, na kifuniko cha kioo. Madukani kinaitwa slow cooker. Kitufe chake kina alama tatu: LOW ni moto mdogo, HIGH ni moto mkubwa, WARM ni ya kutunza joto tu.

Kabla ya lolote, shika hili: chungu hiki hakikaangi wala hakikaushi. Kazi yake ni kuutunza moto na kuusambaza taratibu. Rangi, harufu ya kukaangwa, ngozi iliyoshikana, mchuzi uliokolea, yote hayo ufanye kwenye gesi kwanza. Chungu kitaziivisha soseji taratibu na kukulindia ulichokipika; rangi na ladha ya kukaangwa hakitakupa. Ukilikubali hilo, hatua zote zilizo hapa chini utaziona zina maana.

## Pima chungu kabla ya kuhesabu wageni

Mwongozo huu ni wa watu 25, soseji mbili kila mtu, yaani soseji 50. Soseji moja ikiwa na gramu 50, hizo ni kilo mbili na nusu. Uzito wa pakiti umeandikwa; gawanya kwa idadi ya soseji zilizomo upate uzito wa moja.

Chungu kinachofaa kazi hii ni cha lita 6 na nusu. Usikijaze zaidi ya robo tatu, na usikiwashe kikiwa chini ya nusu. Kikijaa sana, moto haufiki katikati kwa wakati. Kikiwa na kidogo sana, mchuzi unashika pembeni na kuungua.

Una wageni 40 au 50? Azima chungu cha pili kwa jirani. Nasema hivi kwa uchungu. Niliwahi kushindilia soseji 80 katika chungu kimoja kwa sherehe ya mtoto huku Tudor, Mombasa, kwa kuwa nilitaka kubeba chombo kimoja tu. Baada ya saa tatu za moto mkubwa zile za ukingoni zilikuwa zimepasuka, na za katikati nilipozikata zilikuwa baridi. Watoto walikula mkate na soda. Tangu siku ile sijajaza chungu kupita robo tatu, hata nikiombwa.

## Mahitaji

Soseji na mchuzi:

- Soseji za ng'ombe au za kuku, kilo 2½
- Vitunguu maji vikubwa 6
- Nyanya zilizoiva sana, kilo 1½
- Nyanya ya pakiti, gramu 140
- Thomu (kitunguu saumu), punje 10
- Tangawizi, kipande cha urefu wa kidole
- Pilipili hoho 3
- Pilipili mbuzi 2, nzima, zisikatwe
- Bizari nyembamba na gilgilani zilizosagwa, vijiko 2 vya chai kila moja
- Manjano, kijiko 1 cha chai
- Mdalasini, kijiti 1
- Mafuta ya kupikia, vijiko 5 vya kula
- Nazi 2, au tui zito nusu lita
- Ukwaju, ngumi moja ndogo
- Kotmiri, fungu moja
- Chumvi, lakini usiitie mapema

Viungo na ukwaju mimi huchukua soko la Marikiti, kwa sababu bizari ya pale husagwa ukiona na harufu yake bado iko hai. Nyanya na vitunguu vya wingi, soko la Kongowea ni nafuu.

Vyombo: chungu cha umeme, karai pana au kikaango kizito, sufuria ya mchuzi, koleo, upawa, sinia mbili, na kipimajoto cha chakula chenye sindano. Hicho cha mwisho wengi hukipuuza. Kitafute. Soseji inaweza kuwa na rangi ya waridi ndani na imeiva, kwa sababu ya chumvi za kuhifadhia zilizotiwa kiwandani. Na inaweza kuwa ya kahawia na haijaiva. Jicho pekee halitoshi unapolisha watu 25.

## Soseji gani ununue

Soma nyuma ya pakiti. Viungo hupangwa kwa uzito, kilicho kingi mbele. Nyama iwe ya kwanza. Ukikuta maji, soya na unga wa ngano vimetangulia, iache pakiti hiyo kwa kazi nyingine. Unga hunyonya mchuzi, soseji inavimba, ngozi inashindwa, inapasuka. Malalamiko mengi ya kupasuka huanzia dukani, si jikoni.

Angalia pia alama ya halali na tarehe ya mwisho. Mombasa huwezi kukadiria mgeni yupi anakula nini, na soseji nyingi za Kenya ni za nguruwe, zimewekwa rafu moja na za ng'ombe. Ukiwa na mgeni asiyekula ngano, mwambie mapema. Soseji nyingi zina ngano.

Smoki ni jambo jingine. Hizo zimeshaivishwa kiwandani na kutiwa moshi, kwa hiyo zinahitaji kupashwa moto tu. Ukizitumia, pika mchuzi kama hapa chini, kisha uzitie katika saa moja na nusu ya mwisho, na kipimajoto kisome nyuzi 74 katikati. Zikikaa saa nne zinapoteza ladha yote kwa mchuzi.

## Hatua ya 1: Yeyusha barafu ndani ya friji, siku moja kabla

Hamisha pakiti kutoka friza hadi friji saa 24 kabla ya kupika. Zitenganishe, usizipange moja juu ya nyingine, na ziweke juu ya sinia ili maji yake yasidondokee vyakula vingine.

Usiziache mezani usiku kucha. Vijidudu hukua upesi baina ya nyuzi 5 na nyuzi 60, na jiko la Mombasa mwezi wa Februari linakaa juu ya nyuzi 30 mchana kutwa. Nje inayeyuka na kupata joto, ndani bado ni jiwe.

Umesahau na shughuli ni leo? Zamisha pakiti zisizotoboka katika ndoo ya maji baridi, badilisha maji kila nusu saa, na uzipike mara tu zinapolainika.

Kutia soseji za barafu moja kwa moja chunguni ni kosa ambalo siwezi kulipunguza uzito. Chungu kinapanda joto taratibu. Kikibebeshwa kilo mbili na nusu za barafu, chakula kitakaa saa nyingi katika lile joto ambalo vijidudu vinalipenda.

Umefaulu ikiwa: soseji inapindika kwa urahisi, haina ugumu katikati, na bado ni baridi mkononi.

## Hatua ya 2: Chungu kipate joto

Tia vikombe viwili vya maji ya vuguvugu, funika, washa HIGH kwa nusu saa wakati ukikatakata vitunguu. Usimimine maji yanayochemka ndani ya bakuli baridi. Udongo hupasuka kwa mshtuko wa joto.

Chomeka kwenye soketi ya ukutani, si kwenye waya wa nyongeza uliokwisha kubeba friza, birika na spika za muziki. Chungu chenyewe hakina ulafi, mara nyingi ni wati 250 hadi 300. Hatari inatoka kwa birika la wati 2,000 lililo jirani yake. Pangusa pia meno ya plagi kwa kitambaa kikavu. Hewa yetu ya chumvi huyatia kutu, na plagi yenye kutu hupata moto.

Halafu angalia tokeni. Chungu cha wati 300 kwa saa nne kinakula uniti moja na kidogo. Ni kidogo, lakini mita ikizima katikati ya kazi, wewe ndiye utakayehangaika.

## Hatua ya 3: Kaanga soseji, usiziivishe

Hii ndiyo hatua inayorukwa, na ndiyo inayotofautisha soseji ya kupendeza na ile nyeupe inayoteleza.

Ndani ya chungu kuna maji na mvuke, na penye maji joto halipiti nyuzi 100. Rangi ya kahawia na harufu ile inayowaleta watoto jikoni hutokea kwenye joto kavu la nyuzi 140 kwenda juu. Kwa hiyo hata ukiziacha chunguni hadi kesho, hazitapata rangi. Rangi inatoka karaini.

Kausha soseji kwa karatasi au kitambaa safi. Soseji yenye maji inachemka kabla ya kukaangika, na mafuta yanakurukia.

Tia vijiko viwili vya mafuta karaini, moto wa kiasi. Panga soseji 10 au 12 kwa mkupuo mmoja, zisigusane. Ukizijaza, zinatoa maji na kuanza kujichemsha zenyewe. Zigeuze kwa koleo kila dakika moja hivi, hadi zishike rangi pande zote. Kila mkupuo unachukua dakika 5 au 6. Soseji 50 ni mikupuo mitano, tenga nusu saa.

Usizitoboe kwa uma. Najua ndivyo wengi tulivyofundishwa, kwamba ukitoboa haipasuki. Ukweli ni kwamba tundu linatoa mafuta na maji ya nyama, na saa tatu zinazofuata soseji itaendelea kuvuja hadi ibaki kavu na ngumu kama mpira. Inayopasua soseji ni moto mkali wa ghafla: ngozi inajikunja kabla nyama ya ndani haijapata nafasi. Punguza moto, na tundu hutalihitaji.

Zitoe kwenye sinia safi, si ile iliyobeba mbichi. Na hapa nakuomba umakini: soseji hizi zina rangi ya kuiva lakini ndani ni mbichi. Mtoto asionje. Usizikaange jana ukaziweka zimalizie leo, maana utakuwa umezipasha vuguvugu na kuzipoza, na vijidudu vikapata usiku mzima. Zikitoka karaini, ziende chunguni siku hiyo hiyo, ndani ya saa hiyo hiyo.

Umefaulu ikiwa: zina rangi ya kahawia yenye kung'aa, ngozi imekaza, hakuna iliyopasuka, na karai limeacha ukoko mtamu chini. Ukoko huo usiuoshe.

## Hatua ya 4: Pika mchuzi kwenye gesi

Sufuria ya kawaida ina mdomo wazi, maji yanaruka na mchuzi unakolea wenyewe. Chungu cha umeme kimefunikwa muda wote, mvuke unagonga kifuniko na kurudi ndani. Maji unayotia ndiyo utakayoyakuta, na zaidi, kwa kuwa vitunguu na soseji vinaongeza yake. Ndiyo sababu mchuzi wa chungu hiki lazima uingie ukiwa mzito kuliko unavyoutaka utoke.

Katika karai lile lile lenye ukoko, au sufuria kubwa, tia mafuta yaliyobaki na vitunguu. Vikaange hadi viwe rangi ya dhahabu. Vitunguu vibichi ndani ya chungu vinabaki na ukali wake hata baada ya saa nne, hasa pakiwa na nyanya. Tia thomu na tangawizi zilizotwangwa, koroga dakika moja, kisha bizari, gilgilani, manjano na mdalasini. Viungo vipate mafuta kabla ya maji. Harufu ya bizari hufunguka ndani ya mafuta.

Tia nyanya zilizosagwa au kukunwa, na nyanya ya pakiti. Kwangua ukoko kwa mwiko ili uingie kwenye mchuzi. Acha ichemke bila kifuniko dakika 20 hadi 25, hadi mafuta yajitenge pembeni na mchuzi ukae mgongoni mwa mwiko. Mwisho hoho zilizokatwa vipande vikubwa na pilipili mbuzi nzima.

Uwe na lita moja na nusu hivi. Chumvi bado. Soseji zina chumvi ya kutosha na zitaigawa kwa mchuzi; anayetia chumvi sasa atajuta wakati wa kula.

Ukitaka mbatata ndani, nyanya itakupinga: uchachu wake unazuia mbatata kulainika. Zichemshe pembeni ziive nusu, ndipo uzitie. Na ukitaka maharagwe mekundu, kamwe usiyatie mabichi. Yana sumu ya asili inayovunjika kwa kuchemka kweli kweli, na chungu cha umeme kwenye LOW huenda kisifike hapo. Yaroweke usiku, mwaga maji, yachemshe kwa nguvu si chini ya dakika 10 katika maji mapya, uendelee hadi yaive, ndipo yaungane na soseji.

Umefaulu ikiwa: ukipitisha mwiko chini ya sufuria unaona njia kwa sekunde mbili kabla mchuzi haujarudi.

## Hatua ya 5: Panga chunguni

Mwaga yale maji ya kupashia joto. Tandaza upawa mmoja wa mchuzi chini, panga soseji safu moja zikilala, mwagia mchuzi, kisha safu nyingine kuelekea upande wa pili, kama mtu anayesuka mkeka. Endelea hivyo. Nafasi zinazobaki baina ya soseji ndizo njia za mchuzi kupeleka moto katikati.

Mchuzi uwe unatoka jikoni, bado unachemka. Hapo chungu hakianzi sifuri, na kile kipindi cha hatari cha joto la vuguvugu kinapita haraka.

Safu ya juu izame angalau nusu yake. Mchuzi ukipungua ongeza maji moto, nusu kikombe tu.

## Hatua ya 6: Funika, na mkono uuzuie

HIGH: saa mbili na nusu hadi tatu. LOW: saa nne hadi tano. Mimi kwa shughuli ya watu huchagua HIGH, kwa kuwa joto linafika upesi na nina muda wa kurekebisha. WARM si ya kupikia hata siku moja. Haina nguvu ya kuivisha.

Kila unapofunua, joto lililokusanyika linatoka, na chungu kinahitaji dakika 20 hadi 30 kulirudisha. Mtu anayefunua mara tatu ameongeza zaidi ya saa moja bila kujua, kisha analalamika kwamba mwongozo umemdanganya. Kifuniko ni cha kioo. Tazama kupitia hapo.

Kwa sherehe ya saa kumi alasiri, mimi hupanga hivi: saa nne asubuhi nakata vitunguu na kuwasha chungu, saa nne na nusu nakaanga, saa tano na nusu kila kitu kimeingia na kifuniko kimefungwa. Saa nane na nusu napima. Saa tisa tui. Kwa futari, rudisha mpango nyuma kutoka Magharibi, na usahau kabisa kuonja: mpe kazi hiyo mtu asiyefunga, au tegemea kipimo.

## Hatua ya 7: Pima katikati

Chukua soseji ya safu ya kati, katikati ya chungu, si ya pembeni. Ingiza sindano ya kipimajoto kutoka kwenye ncha kwa urefu, ifike moyoni. Soseji za ng'ombe: nyuzi 71. Za kuku: nyuzi 74. Pima tatu tofauti. Moja ikiwa chini, funika, ongeza nusu saa.

Huna kipimajoto? Kata tatu za katikati. Maji yawe meupe yasiyo na damu, nyama iwe imeshikana sawa kutoka ukingo hadi moyo, na mvuke uonekane. Ukiwa na shaka, zirudishe zote kwenye sufuria na uzichemshe dakika 10 kwenye gesi. Aibu ya kuchelewesha chakula inapona jioni ile ile.

Lakini usizidishe pia. Zikipita saa sita, unga ulio ndani unaendelea kunywa mchuzi na soseji inakuwa laini ya kusikitisha.

## Hatua ya 8: Mafuta, tui, ukwaju, chumvi

Engua kwanza mafuta yanayoelea, kwa upawa wa kina kifupi, ukiuinamisha ukingoni. Ukiengua baada ya tui, utatupa tui.

Tui likipikwa saa tatu linakatika, linatoa mafuta juu na chembe nyeupe chini. Lipashe kwanza kidogo kwenye sufuria, lisichemke, ndipo ulimimine chunguni taratibu, dakika 30 za mwisho. Tui baridi la friji linakizimisha chungu joto.

Ukwaju uloweke, uukamue, uuchuje, utie maji yake kidogo kidogo huku ukionja. Sasa chumvi, nayo kwa kuonja. Mchuzi ukiwa bado mwepesi, acha kifuniko wazi kwenye HIGH kwa dakika hizo 30. Tupia kotmiri ukizima. Toa zile pilipili mbuzi kabla hazijapasuka ndani ya sahani ya mtoto.

Umefaulu ikiwa: soseji ni nzima, inakatika kwa ukingo wa kijiko, mchuzi umeishika bila kudondoka, na rangi ni ya machungwa iliyokoza.

## Stima ikipotea

Jambo hili limeharibu sufuria nyingi mjini kuliko makosa yote ya juu, kwa hiyo liwe na mpango kabla ya kuwasha.

Uko nyumbani na chakula hakijaiva: usisubiri. Hamishia kwenye sufuria, malizia kwa gesi au makaa. Usipike kwa kukisia kwamba itarudi sasa hivi.

Uko nyumbani na umeshapima, zimeiva: kifuniko kisiguswe, kifunike chungu kwa taulo nzito. Una saa mbili. Kabla hazijaisha, chakula kihamishiwe kwenye sufuria kichemke tena kwenye gesi.

Ulikuwa nje na umerudi ukakuta stima imepotea au imewahi kupotea, hujui kwa muda gani: tupa. Chungu cha kitufe cha kuzungusha huendelea chenyewe stima inaporudi, kwa hiyo utakikuta kina moto kana kwamba hakuna lililotokea. Cha kidijitali mara nyingi hakiwaki tena. Cha kwanza ndicho kinachodanganya. Kwa sababu hiyo siwashi chungu cha watu 25 nikaondoka nyumbani.

## Kuandaa na kubeba

Sasa WARM ina kazi. Weka hapo, koroga taratibu kila nusu saa, na kipimajoto kisome nyuzi 60 au zaidi. Saa mbili ndizo bora, nne ndio mwisho. Weka upawa na koleo, watu wajipakulie, maana kila mtu akitumia kijiko chake mchuzi unaharibika. Boflo iliyokatwa, chapati au mahamri, na kachumbari yenye ndimu. Kachumbari ikae mbali na chungu, ipoe.

Ikiwa shughuli iko ng'ambo, tuseme Likoni nawe unatoka kisiwani, pima foleni ya feri katika hesabu yako. Funga kifuniko kwa kitambaa kutoka mkono mmoja wa chungu hadi wa pili, zungushia taulo mbili, kitie ndani ya boksi lisilocheza, sakafuni mwa gari. Ukifika, chomeka kwenye HIGH kwanza, si WARM, hadi kipimajoto kikuridhishe. Safari ikikaribia saa mbili, chemsha upya kwenye gesi ya mwenyeji.

## Kilichobaki

Usiingize bakuli lile zito kwenye friji. Udongo unatunza joto kwa saa nyingi, na chakula kilichomo kitakaa vuguvugu usiku kucha. Gawa katika vyombo vya kina kifupi, mchuzi usizidi sentimita tano, uweke friji ndani ya saa mbili tangu kuzima; siku ya joto kali, saa moja. Chakula hicho kiliwe ndani ya siku tatu.

Kupasha upya ni kwa sufuria na gesi hadi mchuzi uchemke kabisa. Chungu cha umeme hakipashi chakula cha friji kwa usalama, kwa sababu ile ile isiyokiruhusu kupokea barafu.

Bakuli lenyewe liache lipoe hadi mkono uvumilie, ndipo utie maji ya vuguvugu na sabuni. Likaushe kabisa upande wa chini kabla ya kulirudisha kwenye ganda lake, na ganda hilo lisiingizwe majini kamwe. Lipanguse kwa kitambaa chenye unyevu, plagi ikiwa nje.